Tembo wa Shaba na Daftari la Mia Nne

Wadogo zangu, kuna tembo mdogo wa rangi ya shaba, kilo 100 tu, anayechimbua ardhi kwa mkonga wake na kubeba zaidi ya tani tano bila kulalamika. Anaitwa Cufant. Mlee mpaka afike kiwango cha 34, naye atageuka kuwa Copperajah: kilo 650, na ngozi ya kijani isiyoogopa maji. Mtoto wa nchi nyingine atauliza, tembo wa shaba amekuwaje kijani? Mtoto wa Kolwezi, mji wetu wa migodi, hana haja ya kuuliza. Kijani hicho amekiona kwenye mawe ya malakiti, na kwenye waya wa zamani uliotupwa nje ukapigwa na mvua misimu miwili mitatu. Shaba ikikaa na hewa na maji kwa muda mrefu huota ngozi ya rangi hiyo. Hapo wachoraji hawakukosea.

Nawatajia tembo huyu kwa sababu mmekuwa mkiuliza jinsi ya kuumaliza mchezo anamoishi. Mchezo wenyewe ni Pokémon, na ninaouzungumzia leo ulitoka tarehe 15 Novemba 2019 kwa ajili ya Nintendo Switch, katika matoleo mawili yanayokwenda pamoja: Sword na Shield, yaani upanga na ngao. Unatembea katika nchi ya kubuni iitwayo Galar, iliyochorwa kwa kuiangalia Uingereza, unakamata viumbe vya ajabu, unavilea, unavipambanisha. Kuumaliza kuna maana mbili. Ya kwanza ni kuwa bingwa wa Galar. Ya pili ni kulijaza daftari la viumbe, Pokédex, lenye viumbe 400. Ubingwa, nawaambia ukweli, hata mvivu ataupata akijua anachofanya. Daftari ndilo mchezo wenyewe.

Kwanza mjue ulikotoka, maana aliyeuanzisha alikuwa mtoto kama ninyi. Satoshi Tajiri alizaliwa mwaka 1965 na kukulia Machida, pembezoni mwa Tokyo, wakati ambapo huko bado kulikuwa na mashamba, mabwawa na vichaka. Kazi yake ilikuwa kukamata wadudu. Wenzake walimpa jina la Daktari Mdudu. Kisha jiji likatanuka, mabwawa yakafukiwa, wadudu wakapotea. Alipokuwa mtu mzima akaona vifaa viwili vya Game Boy vimeunganishwa kwa waya, akawaza mdudu akitambaa ndani ya ule waya kutoka kwa mtoto mmoja kwenda kwa mwingine. Wazo hilo likawa michezo miwili, Red na Green, iliyoanza kuuzwa Japani tarehe 27 Februari 1996. Kwa makusudi kabisa, viumbe fulani waliwekwa katika toleo moja tu. Huwezi kuwapata wote peke yako hata ucheze usiku na mchana. Lishikeni hilo, tutalirudia.

Sasa tuwashe kifaa. Kabla ya yote utaulizwa lugha. Ziko tisa, Kiswahili hakimo, na wengi wenu mtachagua Kifaransa kwa sababu ndicho cha darasani. Hakuna ubaya, ila mjue kwamba majina ya viumbe hubadilika pia. Yule ambaye mimi nitamwita Charizard, kwenu ataandikwa Dracaufeu. Coalossal ataitwa Monthracite, na Copperajah ataitwa Pachyradjah. Nimewahi kuwaona watoto wawili wakibishana mpaka karibu kupigana kuhusu kiumbe yupi ana nguvu zaidi, kumbe ni yule yule.

Na kwa kuwa nyumba nyingi hapa zina kifaa kimoja kinachozunguka kwa yaya, binamu na majirani, kila mmoja ajifungulie akaunti yake ndani ya kifaa. Switch inakubali akaunti nane. Mchezo huu huweka safari moja tu kwa kila akaunti, kwa hiyo mkitumia akaunti moja wote, mdogo wako akianza upya safari yako imekwisha. Urafiki umevunjika mara nyingi kwa jambo dogo namna hii.

Haya, mapambano. Kila kiumbe ana aina: moto, maji, nyasi, umeme, jiwe, chuma na kadhalika. Aina zote ni 18. Maji huuzima moto, moto huunguza nyasi, nyasi hunywa maji. Pigo likimkuta adui dhaifu kwa aina hiyo, nguvu yake huzidishwa mara mbili. Likimkuta aliye imara, hugawanywa kwa mbili. Kuna wengine haliwagusi kabisa. Na kwa kuwa kiumbe anaweza kuwa na aina mbili kwa wakati mmoja, udhaifu ukikutana na udhaifu, mbili mara mbili, pigo linakuwa mara nne. Hiyo mara nne ndiyo inayomaliza mchezo. Anayeitafuta hushinda na viumbe wadogo. Asiyeijua hukesha akikuza viwango mpaka macho yawe mekundu.

Usijaribu kukariri jedwali zima. Anza na aina inayosumbua kuliko zote, ambayo ndiyo ya tembo wetu: chuma. Aina ya chuma hupunguza makali ya aina 10 nyingine, na sumu haiingii kabisa. Wachezaji wapya humpiga Copperajah dakika nzima bila kumtikisa, wakadhani mchezo umeharibika. Milango yake ni mitatu tu: moto, ngumi na ardhi. Wa moto ndio rahisi kuukumbuka kwetu. Karne nyingi kabla ya kampuni ya migodi ya Union Minière kuanzishwa mwaka 1906, wafua shaba wa Katanga walikuwa wakiyeyusha malakiti kwa makaa katika tanuri za udongo, wakaimimina katika kalibu za umbo la msalaba, na misalaba hiyo ikazunguka kama fedha mpaka nchi za mbali. Walijua jiwe la kijani halisikii kitu kingine ila moto. Fanyeni kama wao.

Mwanzoni utapewa uchague mmoja kati ya watatu: Grookey wa nyasi, Scorbunny wa moto, Sobble wa maji. Wengi humkimbilia Scorbunny kwa sababu ana mbwembwe. Mimi nitakwambia mchukue Grookey, na sababu yangu iko chini ya ardhi.

Baada ya barabara chache za kwanza utafika mgodini. Unaitwa Galar Mine, una reli za vigari na mawe yanayong'aa ukutani, na ndani yake anaishi Rolycoly, bonge la makaa ya mawe lenye jicho moja na gurudumu moja. Watu humpita. Ni mzito wa sura, hana mapambo, na mwanzoni ni wa aina ya jiwe tu. Mkamate. Akifika kiwango cha 18 anageuka kuwa Carkol, kigari kilichojaa makaa, na hapo anaongeza aina ya moto. Akifika 34 anakuwa Coalossal, kilima kizima cha makaa chenye moto ndani. Jiwe na moto katika mwili mmoja. Kwa kuwa moto umeshaupata mgodini, Scorbunny hana kazi kwako, na nafasi yake inakwenda kwa Grookey.

Wa tatu ni ndege mdogo, Rookidee, anayepatikana kwenye barabara ya kwanza kabisa. Akifika kiwango cha 38 anakuwa Corviknight, kunguru mkubwa mwenye manyoya ya chuma, ambaye katika nchi ya Galar hubeba watu kama teksi. Hao watatu ndio mihimili. Mfukoni unaruhusiwa sita, na watatu waliobaki jaza upendavyo. Moyo nao una haki yake.

Ubingwa unapatikana kwa kupita viwanja vinane na kukusanya beji nane. Mkuu wa kwanza, Milo, ni mkulima mwenye viumbe wa nyasi. Mwache Rookidee amdonoe, kwa sababu ndege huishinda nyasi. Wa pili, Nessa, ana viumbe wa maji, na hapa ndipo wengi wanapolia. Usimtoe mchimbaji wako. Rolycoly aliyekwisha kuwa Carkol ni jiwe na moto, na maji huvishinda vyote viwili, basi pigo la maji lenye nguvu 40 linampata kama 160. Anazimika kabla hujashusha pumzi. Mtoe Grookey, ambaye kwa wakati huo huenda amekwisha kuwa Thwackey, ayanywe maji yote.

Wa tatu, Kabu, ni mzee wa moto, na hapo Carkol anarudi kwa heshima: moto wa Kabu unamgusa kwa robo tu ya nguvu yake, na mawe yake yanawaponda wapinzani. Viwanja vinavyofuata nitavipitia haraka. Wa nne, ukiwa na Sword, ni Bea wa ngumi, na ndege wako atamweza. Ukiwa na Shield ni Allister wa mizimu, nawe utafute kiumbe wa giza. Wa tano ni bibi Opal, mwenye viumbe wa kichawi wanaokiogopa chuma. Wa sita ni Gordie wa jiwe katika Sword au mama yake Melony wa barafu katika Shield. Wa kwanza mwachie Grookey, wa pili mwachie Coalossal. Wa saba, Piers, ni mwimbaji anayewapenda viumbe wa giza, nao huogopa ngumi. Wa nane, Raihan, hukutolea viumbe wawili kwa wakati mmoja nawe utoe wawili, huku mchanga ukivuma uwanjani. Hapo usimweke Coalossal mbele ya viumbe wa ardhi. Ardhi humpata mara nne kama maji.

Kuhusu viwango msihangaike. Katika mchezo huu, mmoja akishinda, wote sita hupata ujuzi, hata walalao mfukoni. Kwa hiyo anayetaka kukuza kiumbe dhaifu amtembeze tu pamoja na wenye nguvu. Atakua huku akiangalia wenzake wakifanya kazi.

Kisha anakuja bwana mmoja wa suti, Rose. Ni mwenyekiti wa Ligi na mkuu wa kundi la makampuni linaloipatia Galar nishati. Hofu yake ni kwamba baada ya miaka elfu moja nishati itakwisha, na kwa hofu hiyo anaamsha jambo ambalo lingeachwa lilale. Sitawamalizia hadithi. Ila angalieni jeshi lake: Escavalier, Ferrothorn, Perrserker, Klinklang, na mwisho Copperajah. Wote chuma! Na wawili wa kwanza wana aina ya pili inayoungua, mmoja mdudu na mwingine nyasi, kwa hiyo moto wa Coalossal unawapata mara nne. Tajiri mwenye makampuni yote hayo anaangushwa na bonge la makaa lililokuwa likigaagaa mgodini tangu mwanzo wa safari. Mimi hapo huwa nacheka peke yangu.

Wa mwisho ni Leon, bingwa ambaye hajawahi kushindwa. Mwanzoni mwa mchezo, katika wale watatu wa kuchagua, yeye huishia na yule mwenye uwezo wa kumshinda wako. Ukichukua Grookey, yeye anabaki na Scorbunny, na utamkuta kesha kuwa mkubwa. Lakini tegemeo lake ni Charizard, joka la kiwango cha 65 analolikuza mpaka linazidi jukwaa. Charizard ni moto na ndege. Jiwe huushinda moto, na jiwe humshinda ndege. Mnaona? Mara nne tena. Moto wake unamgusa Coalossal kwa robo, na mawe ya Coalossal yanamrudia mara nne. Aliyemdharau Rolycoly atatumia dawa zote za mfukoni kwa Charizard. Wewe utamaliza kwa mapigo machache.

Basi, umekuwa bingwa. Umepigiwa makofi, majina ya waliouunda mchezo yamepita, na ukifungua daftari unakuta bado kuna mianya mia na kitu. Hapa ndipo wengi huuza kifaa. Wewe tulia, chukua daftari la karatasi na kalamu.

Tuanze na kukamata, maana wengi hutupa mipira ovyo. Uwezekano wa kumnasa kiumbe mwenye afya kamili unahesabiwa kwa theluthi moja tu ya kile ungekipata akiwa amebakiwa na pumzi kidogo. Kumpunguza nguvu, basi, ni kama kuzidisha kwa tatu. Akilala usingizi, zidisha tena kwa mbili na nusu. Lipo pigo liitwalo False Swipe ambalo kamwe halimwangushi adui, humwachia tone moja la uhai. Tafuta kiumbe mmoja mwenye pigo hilo na mwingine awezaye kulaza, wabebe kila uendako.

Mipira nayo si sawa. Quick Ball ikitupwa zamu ya kwanza kabisa huzidisha kwa tano, lakini zamu ya pili haina maana tena, basi itupe mara tu mnapokutana kabla hujafanya lolote. Dusk Ball huzidisha kwa tatu gizani, yaani pangoni au usiku. Kwa wadudu na viumbe wa maji iko Net Ball, mara tatu na nusu. Na msishangae mkikutana na dubwana kubwa katika Wild Area, ile mbuga ya katikati ya nchi, mkakatazwa hata kutupa mpira. Kila beji hupandisha kiwango unachoruhusiwa kukamata. Andika mahali ulipomwona, urudi ukishapata beji.

Mbuga hiyo ina mvua, jua, ukungu, theluji na dhoruba ya mchanga, kila sehemu na hali yake, na hali ya hewa ikibadilika viumbe nao hubadilika. Anayepita leo penye jua akakosa, kesho penye ukungu atapata. Daftari la mchezo lenyewe hukuonyesha makazi ya kiumbe uliyekwisha kumwona, kwa hiyo hata ukishindwa kumkamata kiumbe, kumwona tu ni faida.

Wapo wanaogeuka kwa masharti ya ajabu, na hawa ndio waliowafanya watoto wengi waamini kwamba mchezo una uchawi. Inkay, ngisi mdogo, hageuki akifika kiwango cha 30 mpaka ukigeuze kifaa chako juu chini mkononi. Ndiyo, ukishike kichwa chini, miguu juu, wakati anapopanda kiwango. Sliggoo hugeuka mvua ikinyesha. Milcery, ambaye ni tone la krimu, umpe pipi maalumu ya kushika kisha umzungushe mchezaji wako papo hapo kama pia. Farfetch'd wa Galar anataka apige mapigo matatu ya kuchoma moyo katika pambano moja. Na yuko Yamask wa Galar, mzimu aliyebeba kipande cha kigae. Huyu umwache apigwe mpaka apoteze uhai wa pointi 49 au zaidi bila kuzimia, usimtibu, kisha umpitishe chini ya tao la jiwe lililoko sehemu iitwayo Dusty Bowl. Akitoka upande wa pili ni Runerigus. Jambo kama hilo hulijui mpaka mtu akwambie. Katika mchezo huu aliyekutangulia ana deni kwako, nawe una deni kwa atakayekufuata.

Hapa nisimame kidogo nizungumze habari ya umeme, kwa sababu safari ya viumbe 400 ni ndefu na nyumbani giza huingia bila kubisha. Karibu na Kolwezi, kwenye mto Lualaba, liko bwawa la Nzilo. Na kutoka Inga, kule Kongo ya magharibi, uko waya wa umeme wa kilomita kama 1700 unaofika mpaka hapa kwetu kwa ajili ya migodi. Pamoja na hayo yote, mitaani umeme hukatika. Switch ya kwanza hudumu kati ya saa mbili na nusu na sita na nusu kwa chaji moja, na ile iliyorekebishwa mwaka 2019 kati ya saa nne na nusu na tisa. Punguza mwanga wa kioo, chaji kila umeme unapokuwapo hata kama betri haijaisha, na hifadhi safari kwa mkono wako kila unapomkamata kiumbe wa maana. Mchezo hujihifadhi wenyewe mara kwa mara, lakini mimi simwachii mtu mwingine kunihesabia mali yangu.

Na betri yenyewe mjue ni nini. Ni ya lithiamu, na betri za aina hiyo kwa miaka mingi zimetengenezwa kwa kobalti. Zaidi ya nusu ya kobalti inayochimbwa duniani hutoka Kongo, na sehemu kubwa yake hapa mkoani Lualaba na kwa jirani zetu wa Haut-Katanga. Mwaka 2014 ilionekana hata chini ya nyumba za watu mtaani Kasulo, wakachimba sebuleni. Mwaka 2016 shirika la Amnesty International lilitoa ripoti kuhusu kobalti hii, na ndani yake wamo watoto wa umri wenu waliokuwa wakiokota na kuosha mawe badala ya kuwa shuleni. Siwezi kuwaambia kobalti ya kifaa chako ilitoka shimo gani. Lakini katika Galar Mine, unapomkamata Rolycoly, hakuna anayeumia mgongo. Hiyo ndiyo tofauti kati ya mgodi wa mchezo na mgodi wa Kolwezi, na mtoto wa hapa anaijua kuliko mtoto wa mahali pengine popote.

Turudi kwenye daftari. Ukimaliza kukamata, kukuza na kuvizia hali ya hewa, bado kuna mianya isiyozibika, nayo ndiyo ile niliyowaambia muishike. Mwenye Sword anapata Turtonator, Farfetch'd wa Galar, Deino na Stonjourner. Mwenye Shield anapata Ponyta wa Galar, Larvitar, Goomy na Eiscue. Yule Sliggoo wa mvua niliyemtaja hutokana na Goomy, kwa hiyo mwenye Sword anaweza kuikesha mvua mwaka mzima bila kumpata. Haunter hawi Gengar, wala Machoke hawi Machamp, mpaka abadilishwe mikono, yaani apelekwe kwa mtu mwingine.

Ninaowapenda zaidi ni Karrablast na Shelmet. Karrablast ni mdudu anayependa vita. Shelmet ni konokono mwenye kofia ya chuma. Ukimbadilisha Karrablast kwa kiumbe mwingine yeyote, habadiliki. Ukimbadilisha Shelmet kwa yeyote mwingine, vivyo hivyo. Ni pale tu wanapobadilishwa wao kwa wao, kwa wakati mmoja, ndipo mdudu anapokuwa Escavalier akiwa amelivaa gamba la konokono kama deraya, na konokono, sasa akiwa mwepesi, anakuwa Accelgor mwenye mbio za ajabu. Maana yake hata Escavalier wa bwana Rose, pamoja na fedha zake zote, mtu fulani alimpokea kwa kubadilishana.

Kwa hiyo tafuta mwenzako. Tuseme wewe unakaa mtaa wa Manika na una Sword. Shuleni hakosekani mmoja wa mtaa wa Dilala mwenye Shield, au mwenye binamu mwenye Shield. Kumbuka kwamba akaunti mbili za kifaa kimoja hazibadilishani moja kwa moja, vifaa lazima viwe viwili. Lakini intaneti haihitajiki, wala megabaiti hata moja. Kaeni karibu, kila mmoja afungue menyu ya mawasiliano kwa kitufe cha Y, mchague mawasiliano ya karibu badala ya intaneti, na mtumie namba moja ya siri ili asiingie mtu wa tatu. Kabla ya kuachia, kila mmoja asome orodha yake ya karatasi kwa sauti: nani unamkosa, nani unaye wawili. Kamata wawili wawili wa kila kiumbe wa toleo lako tangu mwanzo. Wa kwanza ni wako, wa pili ni wa kubadilishana. Mkubaliane pia kwamba mnaorudishiana baada ya kugeuka mnarudishiana kweli. Haunter akishakuwa Gengar, wapo wanaopatwa na usahaulifu wa ghafla.

Mwanya wa 400 ukizibika, nenda mji wa Circhester, ingia hoteli iitwayo Ionia, umtafute mkurugenzi wa mchezo aliyepanga chumba humo. Atalitazama daftari lako, atakusifu, na atakupa hirizi inayoitwa Shiny Charm. Kwa kawaida kiumbe mwenye rangi isiyo ya kawaida hutokea mara moja katika 4096. Ukiwa na hirizi hiyo, mara tatu katika 4096. Na usiondoke Circhester na kifaa mkononi moja kwa moja hadi kitandani: mwenzako wa Dilala bado anamsubiri Turtonator uliyemwahidi Jumatano.